Mkalimani wa Kasololo

Troyeville, Johannesburg
Agosti 2015

Kwa Baba yangu mpendwa, Mzee Elisée,

Nakuamkia kwa heshima zote za mtoto kwa baba yake, wewe na wote wanaolala chini ya paa lako. Goti linasemaje? Dada Arlène ameniambia kwamba siku hizi unatembea kwa fimbo, ila ukikaribia kanisa unaiacha kwenye ua wa watu ili waumini wasikuone nayo. Nilicheka peke yangu niliposikia hayo. Itumie fimbo, Baba, hakuna atakayekupunguzia heshima kwa ajili ya goti. Na masikio je? Zile dawa nilizotuma kwa mkono wa mchungaji ulizitia masikioni, au umezipanga juu ya kabati pamoja na zile za mwaka juzi? Mimi huku ni mzima. Baridi ya mwezi wa sita ilinishika kifua, ikaniachia. Bado nalinda magari ya watu nje ya supamaketi, bado naishi chumba kilekile, na bado sijaoa, nakujibu kabla hujauliza.

Utashangaa kupata karatasi wakati simu ipo. Simu ya Arlène ukipewa wewe, lazima iwekwe sauti ya juu, na ikiwekwa sauti ya juu anasikia mke wa jirani, wanasikia watoto, anasikia hata yule muuza mawese anayepita. Niliyo nayo safari hii si ya kusikilizwa na mtaa mzima. Ni habari ya Régis, mtoto wa Mama Godelieve, yule ambaye askari walimchukua pale uwanja wa shule wakati wa vita. Mama yake anataka kujua mtoto wake amelazwa wapi, na mimi naamini wewe unapajua. Hilo ndilo ombi langu, sina lingine. Usiikunje karatasi hapa, Baba. Vaa miwani yako, usimpe Arlène akusomee, na unifuate taratibu mpaka mwisho, maana nikianza na mwisho hutanielewa.

Mwaka huu umetukalia vibaya. Mwezi wa nne ile chuki ya kupiga wageni ilianzia Durban ikatufikia hapa Jeppestown, chini kidogo ya mtaa wetu. Vijana walipita wakivunja maduka ya watu wa nje, spaza, kile kiduka cha Msomali wa pembeni, ikabaki kuta tupu. Siku hiyo tulijifungia ndani ya gereji ya Méthode, Mrundi mmoja fundi wa friji, mtu mtaratibu sana. Tulikuwa wengi, Wakongo na Warundi na Watanzania wawili watatu, taa zimezimwa, mlango wa bati umefungwa kwa ndani, akina mama wamewaziba watoto midomo kwa viganja. Watoto wenyewe wamezaliwa huku, wanaongea Kizulu cha mtaani vizuri kuliko hao waliokuwa nje, lakini nani angewauliza. Walipita, hawakuvunja. Meza ya Mama Godelieve, aliyokuwa anashonea nguo pale kwenye kona ya robot, yaani taa za barabarani, waliichoma pamoja na cherehani yake.

Ndiyo, Mama Godelieve yuko huku. Sikuwahi kukuambia, na mwenyewe aliniomba nisikuambie, nami nilidhani ni aibu ya ufukara. Nilipofika Johannesburg sina hata mtu wa kumpigia simu, yeye ndiye aliyenipokea. Anakaa Berea kwenye ghorofa moja kuukuu, chumba kimegawanywa kwa mapazia, kila pazia na familia yake. Akanitandikia godoro upande wake wa pazia, akanilisha mpaka nilipopata kazi. Hata baada ya hapo, kila Jumamosi nilikuwa na sahani yangu kwake. Nilimwita mama, tangu Mama yetu afariki sijawahi kumwita mwingine hivyo. Kumbuka hilo unaposoma yanayofuata.

Sasa nikuambie kuhusu kazi yangu ya Jumapili, ile usiyoipenda, uliyowahi kusema ni kazi ya kuropoka. Watu wakitoka kanisani, Méthode husogeza mafriji yake ukutani, tunapanga viti, tunaweka televisheni kubwa juu ya meza, na mimi hukaa pembeni na kipaza sauti nikatafsiri filamu. Nasema kutafsiri, lakini wewe unajua sijui Kihindi wala Kichina. Natazama midomo, mikono na macho ya watu wa kwenye filamu, kisha nawapa maneno. Nawapa na majina ya kwetu pia, kwa sababu hakuna atakayemlilia mtu asiyemjua jina. Huwa siitazami filamu kabla, maana nikishaitazama inapoa mdomoni. Ukumbi haunidai ukweli, unanidai nisinyamaze. Na kwa kujisifu kidogo tu, kutoka hapa mpaka Alexandra hakuna mtafsiri wa Kiswahili anayenifikia.

Filamu za Kichina nazichukua Cyrildene, kwa mama mmoja mzee Mchina, mzaliwa wa humuhumu Johannesburg, anayeuza majani ya chai na vyungu. Chini ya meza ana katoni la filamu za zamani ambazo hakuna tena anayezitaka. Mwezi uliopita alinitolea moja, akaniambia kwamba hii ni ya Kikantoni, lugha ya wazazi wake, si ile wanayoongea Wachina wapya waliojaa mtaani kwake. Akaendelea kunieleza kwamba ni habari za watu wa kawaida wa Hong Kong, jinsi walivyoishi Wajapani walipouteka mji wao. Mimi macho yalikuwa kwenye picha ya jalada: moto, na askari mwenye bunduki iliyofungwa kisu. Nikajua ni vita, nikajua kuna ngumi, nikaondoka nayo nikiwa na furaha zangu.

Hakukuwa na ngumi, Baba. Filamu ilifunguka kwa mwanamke anaosha mchele kidogo sana, anauhesabu karibu punje kwa punje. Mzee mmoja anaficha mchele mwingine ndani ya mto wake wa kulalia. Watoto wanafundishwa na mama yao jinsi ya kumwinamia askari wa kizuizi cha barabarani, mgongo uende chini kiasi gani, macho yatazame wapi. Watu wanapanga foleni ya chakula tangu asubuhi, na chakula kinaisha kabla hawajafika. Vijana wa ukumbini wakaanza kupiga miluzi, mmoja akauliza kama huyu mwanamke ataosha mchele mpaka saa ngapi. Nilijitahidi. Nikampa mwanamke ulimi mkali, nikamfanya mzee awe mlevi, watu wakacheka mara moja tu. Nikaanza kutoka jasho, maana maneno ya kuchekesha yananiishia na filamu bado mbichi.

Halafu ikaja sehemu ya msako. Askari wanapita nyumba kwa nyumba, na mwanamke yule amejibanza nyuma ya kabati na watoto wake, amewaziba midomo kwa viganja. Gereji nzima ilinyamaza, hata wale wa miluzi. Walikuwa wanatazama viganja. Kabla sijasema kitu, dada mmoja Mrundi aliyekaa katikati akasema kwa sauti ndogo maneno ya yule mwanamke, akimwambia mtoto asikohoe, akikohoa watakufa wote. Sikumzuia. Mwingine akaongeza lake, na mwingine, kila mtu akampa mtu wa kwenye filamu maneno aliyowahi kuyasema mwenyewe, huku Johannesburg au huko tulikotoka. Nikagundua kwamba na mimi nimeacha utani. Nilikuwa natafsiri Kasololo, kijiji chetu. Bahari ya Hong Kong nikaiita ziwa, kile kizuizi chao nikakiweka pale njia panda ya kinu cha mawese, na hakuna aliyenipinga.

Ndipo akatokea mkalimani. Mtu mwembamba, Mkantoni kama wale wengine, kavaa miwani na kofia, anatembea hatua moja nyuma ya afisa wa Kijapani. Nilipomwona nilifurahi, nikuambie kweli. Katika kila filamu kuna mtu mmoja nampa jina la mtu ninayempenda, na huyo nikampa jina lako. Nikawaambia watu kwenye kipaza sauti kwamba huyu anaitwa Mzee Elisée, msimdhanie msaliti, wamemlazimisha kwa sababu anajua lugha yao, na kila akisimama kati ya bunduki na watu, anayageuza maneno ili watu wapone. Nilisema kwa majivuno. Nilikuwa nasimulia hadithi ile uliyotusimulia wewe miaka yote, ya ulipokuwa mkalimani wa askari Kasololo.

Wakapangwa watu uwanjani. Afisa anamsogelea mama mmoja, pembeni yake kasimama kijana wake mrefu. Afisa anauliza. Mama anajibu maneno mengi, analia, anaonyesha paji la uso la kijana. Mkalimani anamgeukia afisa, anasema kitu kifupi. Nami haraka nikamwekea maneno: mkuu, mama huyu anasema kijana wake ana homa, nami naapa kwa Mungu ni kweli, mwacheni. Nikatulia nikisubiri kijana aachiwe. Afisa akanyoosha mkono, askari wakamshika kijana wakaondoka naye. Picha ikanisuta mbele ya watu wote. Wengine wakacheka, wakasema mtafsiri leo kapotea.

Mama Godelieve alikuwa kakaa karibu na mlango, mahali pake pa siku zote. Akasimama. Akasema hapana, huyo hakusema hivyo. Kisha akatamka sentensi moja kwa lugha ya wale askari waliotukalia Kasololo, akaitamka polepole na kwa sauti isiyokuwa yake, nzito, ya mwanamume. Mimi lugha ile hukunifundisha, sikuelewa. Lakini lugha ya Warundi inafanana nayo sana, na niliona vichwa vyao vikimgeukia. Méthode akainamisha uso. Mama Godelieve akachukua kikapu chake akatoka nje, na mlango wa bati ukabaki wazi nyuma yake.

Sikuweza kuendelea. Nilikizima kipaza sauti, nikawaacha wale watu wa filamu waongee Kikantoni chao mpaka mwisho. Hakuna aliyelalamika, hakuna aliyeondoka. Walipotoka wote nilimshika Méthode nikamuuliza yule mama alisema nini. Alikataa kwanza, akajifanya anapanga viti. Nilipomkazania akaniambia kwamba ni maneno mepesi tu, hata haoni yana nini. Alisema: mama anasema mwanawe hakulala nyumbani.

Baba, mimi nilikuwepo siku ile, unajua. Redio yao ya mawasiliano ilikuwa imeibwa kambini, na mlinzi alisema aliona kijana mrefu anakimbia gizani. Vijana warefu wa Kasololo tukapangwa mstari uwanja wa shule, mama zetu wamesimama mbele yetu. Karibu na mwisho wa mstari alikuwa Régis, na mimi wa mwisho baada yake, mabega yetu yamegusana, namsikia joto la homa kupitia shati. Mama Godelieve aliulizwa mtoto wake alikuwa wapi usiku. Alisema kwa Kiswahili, kila mtu akasikia, kwamba Régis alilala nyumbani anaungua, na yeye mwenyewe alikesha anambadilishia kitambaa cha maji. Ukamgeukia komanda ukasema. Ilikuwa sentensi moja. Wakamchukua Régis, na komanda hakuuliza tena kitu. Hakuniuliza mimi.

Jioni ya Jumatatu nilikwenda Berea. Nilimkuta Mama Godelieve anachambua maharage. Hakushtuka kuniona, akanisogezea kigoda. Nikamwambia Méthode amenitafsiria. Akaniambia kwamba siku ile hakuelewa chochote, alijua tu kwamba wewe umemwombea na askari wamekataa, kama ulivyomwambia mwenyewe ulipokwenda kumpa pole. Lakini sauti yako ilimbaki sikioni, neno kwa neno, kama mtu anavyobaki na wimbo wa lugha asiyoijua, kwa sababu ndiyo yalikuwa maneno ya mwisho kusemwa mtoto wake akiwa bado mbele yake. Akavuka ziwa na sauti hiyo, akaingia nayo kambini Tanzania. Huko majirani zake walikuwa Warundi, akaishi nao miaka, lugha ikamwingia taratibu bila kuitafuta. Siku moja wako kwenye foleni ya bomba, jirani yake akamgombeza binti yake, kwamba hukulala nyumbani, wewe, ulikuwa wapi. Yalikuwa maneno yaleyale. Ndoo ilimponyoka, maji yakamwagika, watu wakadhani ameugua.

Nilihesabu moyoni, Baba. Aliyajua hayo kabla hajaja Johannesburg. Aliyajua siku aliyonifungulia mlango, aliyajua alipokuwa akinitandikia godoro. Nikamuuliza kwa nini hakuniambia miaka yote hiyo. Alinitazama kama mtu anayeulizwa kitu cha kitoto. Akasema, “Ningekuambia, ungekula bugali yangu?” Kisha akaendelea na maharage yake.

Nilimuuliza pia kama hanichukii. Akasema zamani alijaribu. Kule kambini alikuwa akikesha akiniombea nife popote nilipo, halafu siku nilipotokea mlangoni kwake nimekonda, nina viatu vya kuazima, aliona urefu wangu akakumbuka mabega mawili yaliyokuwa yamegusana, na akashindwa. Alisema kwamba mimi ndiye mtu wa mwisho aliyemgusa mwanawe akiwa hai. Hapo nililia, tena kwa sauti, watu wa nyuma ya mapazia mengine wakanisikia. Sina haya kukuambia.

Wiki hiyohiyo nilimrudishia yule mama wa Cyrildene filamu yake. Nilitaka kitu kimoja tu kutoka kwake, aniambie yule mkalimani wa kwenye filamu alisema nini hasa kumwambia afisa. Pengine nilikuwa natafuta mkalimani mmoja duniani aliyesema kweli. Akaiweka kwenye mashine yake, tukaitazama pamoja nyuma ya duka. Ilipofika mahali pale akaniambia hajui. Yule mama mwenye kijana anaongea Kikantoni, hayo aliyasikia, anasema mwanangu ni mgonjwa. Lakini mkalimani akimgeukia afisa anasema Kijapani, na Kijapani yeye hajui, na anadhani wengi walioitazama filamu hii hawakijui pia. Akasema baba yake aliishi Hong Kong miaka ile, na kila alipoulizwa alikuwa anatoka nje kumwagilia maua. Alinirudishia filamu, akasema nikae nayo.

Sasa nasema na wewe, Baba. Nimejaribu kukuchukia na sijaweza vizuri. Kila nikianza, nakumbuka nilikuwa nimesimama wapi. Mstari ulikuwa umeisha, tulibaki wawili, na kama Régis alikuwa amelala nyumbani na homa, basi kijana mrefu aliyekimbia gizani alikuwa nani? Macho ya komanda yangehamia hatua moja tu. Wewe uliona hivyo kabla ya wote, maana wewe peke yako ulikuwa unasikia pande zote mbili. Ukachagua. Sikuandikii kwamba sikuhukumu, nitakuwa nadanganya. Nimekuhukumu nikiwa kazini, nimekuhukumu nikiwa kanisani, kisha nimekuachia, kisha nimekuhukumu tena. Ninachokasirikia zaidi si sentensi ile. Ni zile ulizoongeza baadaye. Umesimulia matangani jinsi ulivyoapa kwa Mungu, na Kasololo wakakushukuru. Askari walipoondoka, wakalimani wa vijiji vingine walipigwa, wewe ulifanywa mzee wa kanisa. Ulikwenda kwa mama yule kumpa pole, ukashika mkono wake, ukapokea asante yake.

Na umesema siku zote kwamba Régis walimpeleka mbali, kwamba hukujua ni wapi. Lakini mkalimani hakuachwa nyuma, walikwenda na wewe. Nakumbuka ulivyorudi. Suruali yako ilikuwa imelowa mpaka magotini kwa matope meusi, na Mama aliifua bila kukuuliza, akaianika nyuma ya nyumba badala ya mbele. Matope meusi kwetu yako bondeni, kuanzia kwenye kinu cha mawese mpaka mto unapoingia ziwani. Ni bonde refu, siwezi kumwambia mama mzee achimbe lote. Wewe ndiye uliyesimama mahali penyewe.

Usiogope kwamba anataka kesi. Nilimuuliza hilo mara mbili. Hataki wazee waitwe, hataki kanisa litangaziwe, hataki hata uombe msamaha, anasema msamaha wako utamchosha. Maneno yake nayaandika kama alivyoyasema: “Miye sitafute ubaya, mutoto. Nataka tu fasi. Anionyeshe fasi mutoto wangu analala, nami nikae pale.” Tangu cherehani yake ichomwe hana tena kinachomshika mji huu. Anataka kusafisha mahali hapo, aweke mawe, na siku yake ikifika azikwe pembeni. Mimi nimemwahidi kwamba utampeleka. Sikukuuliza kwanza, nimeahidi kwa niaba yako bila idhini yako, kwa sababu ni kwa ajili yangu ulisema uliyosema, basi deni hilo tuko nalo wawili.

Wewe ni mzee, Baba, na goti linakuuma, na pengine umepanga kufa na jambo hili. Nakuomba usife nalo. Ukifa nalo, utakuwa umemchukua Régis mara ya pili, na safari hiyo hakutakuwa na askari wa kusingizia. Mimi nitaendelea kuwa mwanao. Nitakupigia simu Jumapili, nitakutumia dawa, nitakuja kukuzika ikibidi. Lakini sitasimulia tena hadithi yako kwenye kipaza sauti, na nikisikia unaisimulia matangani, nitaandika barua nyingine, na hiyo nitamtumia mchungaji.

Imebaki moja. Mama aliyekuletea barua hii, nadhani ulimtambua alipoingia uani, hata kama amezeeka. Amesafiri kwa basi mpaka Zambia, akapanda meli ya ziwa, na hakutaka mtu mwingine aibebe. Bila shaka umempa kiti, umeagiza aletewe maji, na sasa yuko mbele yako ameweka mikono mapajani anakutazama ukisoma. Unakumbuka kwamba hakupelekwa shule. Ukimaliza atakuomba umsomee mwanao ameandika nini, ndivyo tulivyokubaliana. Msomee kama ilivyo, Baba. Kabla sijaifunga nilimsomea yote, sentensi kwa sentensi, mara tatu, mpaka akaishika sikioni.

Nisalimie Arlène na watoto wake, na muuza mawese, na wote wanaoniulizia. Mungu akupe nguvu ya kutembea mpaka bondeni na kurudi.

Ni mimi mwanao uliyenibakiza,
Hénock